Meiko Kaji: Mjapani aliyetikisa sinema za kisasi bila kufungua mdomo

Mkata Tiketi

Wakuu, heshima kwenu.

Waliotazama Kill Bill ya kwanza wanaikumbuka ile bustani yenye theluji. Lucy Liu kavaa kimono cheupe, upanga umeshamaliza kazi, halafu inapanda sauti ya mwanamke anaimba Kijapani taratibu, wala hana habari na maiti iliyolala pale. Mwenye sauti ile ni Meiko Kaji. Wimbo ni Shura no Hana, na aliuimba mwaka 1973 kwa ajili ya filamu aliyoigiza mwenyewe, Lady Snowblood. Kimono, theluji, binti anayelipiza kisasi cha familia yake, vyote Quentin Tarantino, mwongozaji wa Kill Bill, alivikuta, na hajawahi kuficha.

Humu ndani tukiongelea sinema za Japani tunaishia kwa Kurosawa na Godzilla. Leo nataka tupite uchochoro wa nyuma, kule kwenye magenge ya wasichana, magereza ya wanawake, damu inayoruka kama bomba limepasuka. Na nataka kumtetea huyu mama kwa hoja moja: wakati studio zilikuwa zinauza miili ya wanawake ili zisife njaa, yeye alipanda juu ya wote kwa vitu alivyokataa kutoa.

Sasa hiyo njaa ilitoka wapi? Mwaka 1958 Wajapani walikata tiketi za sinema zaidi ya bilioni 1.1. Kufika 1970 zilikuwa zimebaki kama milioni 250 tu. Mchawi ni televisheni. Watu walinunua seti ili waone harusi ya mrithi wa kiti cha mfalme mwaka 1959, waliobaki wakanunua kwa ajili ya Olimpiki ya Tokyo 1964, basi, nani tena atoke nyumbani kwenye baridi? Studio ya Shintoho ilifilisika 1961. Daiei, wale waliotoa Rashomon ya Kurosawa, wakafilisika 1971. Waliobaki wakajiuliza ni kitu gani televisheni haiwezi kuonyesha sebuleni mbele ya bibi na wajukuu. Jibu likawa damu na ngozi. Tangu 1962 vikampuni vidogo vilikuwa vinatengeneza filamu za ngono za bei rahisi, zile zinazoitwa pinku, na vilikuwa vinapata wateja. Wakubwa wakaona wivu.

Humo ndimo alimoingia binti wa Kanda, Tokyo, mzaliwa wa Machi 1947, jina lake halisi Masako Ota. Alianza studio ya Nikkatsu mwaka 1965, akapewa nafasi ndogondogo: mara dada wa fulani, mara rafiki wa mpenzi wa stelingi. Miaka minne hakuna aliyemkumbuka. Mwaka 1969 mwongozaji mkongwe Masahiro Makino akamchukua kwenye filamu ya majambazi wa kale, akambadilisha jina na kuwa Meiko Kaji. Ota hakusikika tena.

Naendelea, msijaze kurasa kwanza.

Nyegere Mpole

Nimeweka kigoda. Shusha nondo mkuu.

Dogo Kisasa

Mkuu bila picha huu uzi haujakamilika. Hasa hizo za "ngozi" ulizosema 😂

Binti wa Chuda

@Dogo Kisasa hujasoma hata aya ya tatu. Amesema alipanda kwa alivyokataa kutoa. Kaa kwa kutulia.

Mkata Tiketi

Asante dada @Binti wa Chuda, umenipunguzia kazi.

Tuendelee. Mwaka 1970 Nikkatsu walikuwa hoi. Hii ndiyo studio iliyokuwa na Yujiro Ishihara, kipenzi cha vijana, na ndiyo iliyomfukuza Seijun Suzuki mwaka 1968 kwa kutengeneza filamu ambayo bosi alisema haieleweki. Sasa wakatafuta vijana wa mitaani kwa mlango mwingine, wakaja na mfululizo wa Stray Cat Rock. Filamu 5 kati ya Mei 1970 na Januari 1971. Hesabuni wenyewe hiyo kasi, filamu 5 kwa miezi isiyofika 9! Waongozaji walikuwa wawili wakipokezana, Yasuharu Hasebe na Toshiya Fujita.

Ya kwanza haikuwa yake. Stelingi alikuwa Akiko Wada, mwimbaji mrefu mwenye sauti nzito aliyeingia Shinjuku juu ya pikipiki. Kaji alikuwa kiongozi wa genge la wasichana, wa pili kwenye orodha. Lakini nenda kaitazame. Wada yuko vizuri, ila kila Kaji akisimama pembeni bila kufanya lolote, jicho linamfuata yeye. Nikkatsu nao waliona. Filamu zilizofuata Wada hayupo kama stelingi, Kaji yupo.

Kwangu kali ya zote ni ya tatu, Sex Hunter. Jina lisiwatishe wala kuwapa matumaini. Ni kuhusu mji wenye kambi ya jeshi la Marekani na genge la wanaume linaloitwa Eagles, wanazunguka na jeep kuwawinda vijana machotara, watoto waliozaliwa na Wajapani na wanajeshi wa kigeni. Kiongozi wao, Baron, anaigizwa na Tatsuya Fuji, jamaa anayeficha udhaifu wake wa kiume nyuma ya bunduki. Kaji ni Mako, kofia nyeusi pana, koti refu. Kuna sehemu Baron anawapeleka wasichana wa genge la Mako kwenye karamu ya kuwauza kwa wanaume wenye pesa. Mako anafika, hatoi hotuba. Anawasha chupa za soda zilizojazwa petroli na kuzirusha ndani, moja baada ya nyingine.

Na uone utani wa filamu hiyohiyo: kwenye klabu wanatumbuiza Golden Half, kikundi cha kweli cha waimbaji wasichana machotara kilichokuwa kimeanza kuvuma. Yaani vijana wanapiga makofi kwa machotara jukwaani, wakitoka nje wanawawinda.

Ya nne, Machine Animal, ina wanajeshi waliotoroka vita vya Vietnam wanataka kuuza dawa za kulevya wapate nauli ya kwenda Sweden. Hizi zilikuwa filamu za kuuza popukoni, jamani. Lakini vita, kambi za Marekani, ubaguzi, vyote vimo ndani, vimepakiwa kwenye gari la starehe.

Mwaka huohuo akafanya Blind Woman's Curse ya Teruo Ishii: mgongo umechorwa joka, paka analamba damu, kuna mcheza butoh (ngoma ya kisasa ya Kijapani) Tatsumi Hijikata akijikunja kama hana mifupa. Ni vurugu tupu. Tazama ukiwa na usingizi, utaifurahia zaidi.

Fundi Pasi

Hiyo kofia nyeusi si ndiyo anayovaa kwenye zile za gerezani?

Mkata Tiketi

Jicho lako kali mkuu. Kofia ya Mako na ile ya Nge, yule mfungwa wa filamu za gerezani, ni ndugu. Sasa tufike huko.

Novemba 1971 Nikkatsu wakachoka kupapasa gizani wakaamua moja kwa moja: studio nzima inageukia filamu za ngono, zile walizoziita Roman Porno. Waigizaji wengi wakaondoka. Kaji naye akaondoka, akiwa na miaka 24, kazi ndiyo kwanza imeanza kushika moto. Hilo ni la kwanza alilokataa.

Akahamia studio ya Toei. Na hapa bahati ilimkalia vizuri. Toei walikuwa na malkia wao, Junko Fuji wa Red Peony Gambler, mwanamke wa kamari mwenye heshima na kisu. Mwaka 1972 Fuji akaolewa na mwigizaji wa kabuki, maigizo ya jadi ya Kijapani, akaaga sinema. Kiti kikabaki wazi. Toei wakamjaribu Kaji kwenye Wandering Ginza Butterfly, filamu 2, ya kwanza ina pambano la puli ambalo wazee wa vijiwe vya puli humu wataliheshimu. Zilikuwa nzuri kiasi, lakini bado alikuwa anavaa viatu vya mwenzake.

Halafu likaja Nge. Female Prisoner #701: Scorpion, Agosti 1972.

Asili yake ni katuni za Toru Shinohara zilizokuwa zikitoka kwenye jarida. Kwenye katuni, Nami Matsushima, "Matsu", ni mtu wa matusi, mdomo haufungi, na nguo hazikai mwilini. Kaji aliposoma hakupenda. Akaweka masharti: matusi hapana, na kuvuliwa kupunguzwe. Kwa nini basi Matsu asinyamaze? Mwongozaji, Shunya Ito, ndiyo kwanza anaongoza filamu yake ya kwanza kabisa. Mwingine angeogopa mabosi. Yeye akaliona pengo hilo ni dhahabu.

Hadithi ni fupi. Matsu anampenda mpelelezi wa polisi. Mpelelezi anamtumia kama chambo kuingia kwa wauza dawa za kulevya, anabakwa, mpelelezi anaingia kukamata mzigo na kugawana faida na majambazi. Matsu anamvamia kwa kisu nje ya makao ya polisi, anashindwa, anafungwa. Yaliyobaki ni gereza, mateso, na yeye kusubiri siku yake.

Filamu inafunguka na sherehe gerezani: bendera ya Japani, wimbo wa taifa unapigwa, mkuu wa gereza anapewa cheti cha sifa. Katikati ya wimbo king'ora kinalia. Kuna mfungwa ametoroka. Baadaye, kwenye kumbukumbu ya usiku wake wa kwanza na yule mpelelezi, damu inatanda kwenye shuka jeupe hadi inakuwa duara jekundu katikati ya weupe. Kila Mjapani kwenye ukumbi alijua anatazama nini. Hii imetoka studio ya biashara, imeuzwa kama filamu ya wanawake wafungwa kuvuliwa nguo!

Ito alichukua mbinu za jukwaa la kabuki, kuta zinazunguka, mwanga unageuka kijani au mwekundu ghafla, nywele zinasimama. Katikati ya makelele yote hayo kuna uso mmoja hausogei. Kaji anatazama. Basi. Wenzake wote wanapiga kelele, wanalia, wanacheka kishetani, na yeye anatazama.

Ya pili, Jailhouse 41, Desemba 1972, ndiyo kilele. Inaanza gizani, unasikia tu kitu kinakwaruza. Kwaru, kwaru. Kamera inashuka: Matsu amelala kwenye sakafu ya saruji, mikono na miguu imefungwa, ameng'ata kijiko kwa meno anakinoa sakafuni kiwe kisu. Maneno anayosema filamu nzima unayahesabu kwa vidole vya mkono mmoja na vinabaki.

Nyegere Mpole

Duh. Kijiko kwa meno.

Kiti cha Nyuma

Mleta uzi unaandika vizuri ila naona unapamba. Hizo ni filamu za wanaume kuangalia wanawake wakiteswa. Kunyamaza kwake kunabadilisha nini? Kamera inabaki kamera. Wafungwa wengine mle ndani wanavuliwa wima, wao hawakuwa na jina la kuweka masharti.

Binti wa Chuda

Hapa @Kiti cha Nyuma ana hoja, tusimpite. Nimeona ya kwanza. Kuna dakika nilitaka kuzima. Ubakaji umeonyeshwa kutokea chini ya sakafu ya kioo, mtu amekaa akafikiria pembe nzuri ya kupigia hiyo picha. Hilo linanisumbua mimi kuliko damu yote.

Mkata Tiketi

Sikatai hata kimoja. Na ongezeni hili: hata Kaji mwenyewe kwenye ile ya kwanza hakuepuka kuvuliwa moja kwa moja, masharti yalipata nguvu kadiri pesa zilivyoingia. Wasichana wa nyuma yake walilipa bei ambayo yeye alipunguziwa. Mtu akiniambia Toei walikuwa watetezi wa wanawake nitacheka.

Lakini angalieni nani anabeba lawama ndani ya hizo filamu. Kwenye Jailhouse 41 kuna basi la watalii, wanaume watu wazima wenye familia zao, wamelewa. Njiani wanakumbushana enzi za vita kule China, waliyowafanyia wanawake wa huko, wanacheka. Baadaye haohao wanamkamata mmoja wa wafungwa waliotoroka, wanambaka, wanamuua na kumtupa mtoni, na maporomoko ya maji yanageuka mekundu. Mwaka 1972, miaka 27 baada ya vita, filamu ya burudani inawaonyesha baba wa kawaida wa Kijapani wakiwa ndani ya basi la likizo na inawaambia watazamaji kwamba hawa ndio. Filamu nyingi za heshima zilizokuwa zinabeba tuzo zilizungukazunguka jambo hilo. Hii ililipiga usoni.

Na mwisho wake, wafungwa wakiwa na sare zao za mistari wanakimbia huru mitaani wakipokezana kisu cha Matsu. Sijui nani anaitazama sehemu ile na bado anadhani imetengenezwa kwa ajili ya wanaume peke yao.

Kiti cha Nyuma

Basi la watalii nakubali, hiyo ni nzito. Kioo cha sakafu sikubali. Tuache hapo.

Mkata Tiketi

Haki yako kabisa mkuu.

Ya tatu, Beast Stable, Julai 1973. Treni ya chini ya ardhi, mpelelezi anamkamata Matsu kwa pingu, mkono wake na wa Matsu pamoja. Mlango wa treni unafunga. Matsu anakata mkono wa mpelelezi akaondoka nao. Anakimbia mitaa ya Tokyo mchana kweupe, pingu mkononi, mkono wa mtu unaning'inia, watu wanapisha njia. Hapo filamu ina dakika chache tu tangu ianze! Baadaye amejificha kwenye mifereji ya maji machafu, na rafiki yake, mwanamke fukara aliyeko juu, anamtafuta kwa kudondosha njiti za kiberiti zinazowaka kwenye matundu ya barabara huku akiita "Sasori", yaani Nge. Ukatili na upole vimekaa kwenye filamu moja, na Kaji haongezi neno.

Ya nne, Grudge Song, Desemba 1973, aliongoza Hasebe yule wa magenge. Ito hakuwepo, na unamwona hayupo. Kaji akaaga. Toei wakajaribu tena na waigizaji wengine 1976 na 1977, Hong Kong nao wakajaribu 2008. Nendeni mkazitazame kama mna muda wa kupoteza.

Na wimbo wa Nge, Urami Bushi, maneno aliandika Ito mwenyewe, muziki ni wa Shunsuke Kikuchi. Huo nao uko Kill Bill, majina yanapopita mwishoni. Ni mwimbo wa mwanamke aliyedanganywa na maneno matamu. Kwa hiyo Matsu asiyesema kitu anasema yote kupitia wimbo. Walijua walichokuwa wanafanya.

Fundi Pasi

Mimi Kill Bill niliiona kibanda umiza, mtafsiri alikuwa anaongea juu ya huo wimbo wote 😂 Nimeusikia vizuri leo. Mama anaimba huyo.

Dogo Kisasa

Sasa hao wengine waliokuwa wanavua ni kina nani? Naulizia kwa ajili ya elimu.

Mkata Tiketi

Elimu ndiyo hii. Majina makubwa ni Reiko Ike na Miki Sugimoto, wote Toei, mara nyingi chini ya mwongozaji Norifumi Suzuki. Na wala siwadharau. Ike ana ujasiri na ucheshi ambao Kaji hana. Lakini weka filamu mbili pamoja, zote za mwaka 1973, zote za mwanamke wa enzi za Meiji (1868 hadi 1912) anayewasaka walioua watu wa familia yake.

Sex and Fury: Ike yuko kwenye maji ya kuoga, wanaume wenye mapanga wanavamia, anaruka uchi kama alivyozaliwa na kupigana nao hadi nje kwenye theluji. Imepigwa polepole, damu na theluji, na ukweli ni kwamba ni picha nzuri sana.

Lady Snowblood: theluji tena, usiku, Kaji kafunga kimono cheupe hadi shingoni, mwavuli mkononi. Anapishana na mzee mwenye walinzi. Ndani ya mpini wa mwavuli mna upanga. Kila kitu kinaisha kabla hujamaliza kuelewa, na anachoonyesha ni uso, mikono na vidole vya miguu.

Zote mbili zinauza. Baada ya miaka 50 ni ipi imesambaa duniani? Mnajua wenyewe. Na nadhani sababu ni kwamba Ike alipewa tukio, Kaji alijenga mtu. Yuki, huyo wa Snowblood, amezaliwa gerezani. Mume wa mama yake alikuwa mwalimu, akauawa na matapeli waliokuwa wanawalaghai wanakijiji kwa kisingizio cha sheria mpya ya kuandikisha vijana jeshini ya mwaka 1873. Mama anaua mmoja, anafungwa, anajitoa kwa walinzi ili apate mimba ya mtoto wa kulipiza waliobaki. Mtoto anakua kwa kuviringishwa mlimani ndani ya pipa na mtawa mkali wa Kibuddha. Sasa fikiria namna ya kumwigiza mtu ambaye hakuzaliwa kwa ajili ya maisha yake. Kaji anamwigiza kama mtu anayetekeleza wajibu bila hasira. Hasira inaonekana kwenye macho pale tu anapogundua kuna aliyemkimbia kwa kufa mapema.

Hadithi ya asili ni ya Kazuo Koike, michoro ya Kazuo Kamimura. Mwongozaji ni Fujita, yule aliyekuwa anapokezana na Hasebe. Ikaja sehemu ya pili mwaka 1974, inaingia kwenye siasa za polisi wa siri na wanaharakati. Haina makali ya kwanza.

Mtu wa Nagoya

Nimeishi Japani muda mrefu, niongezee kidogo. Mnavyomjua huko nje na wanavyomjua wazee hapa ni vitu viwili. Kwa majirani zangu wa makamo huyu ni Omasa wa Onihei Hankacho, tamthilia ya televisheni ya enzi za samurai iliyoanza 1989 na kumalizika 2016, na Nakamura Kichiemon ndiye mkuu wa polisi. Omasa ni binti wa wezi anayempelekea mkuu habari. Ukiwaambia kuna vijana Ulaya wamechora tatuu ya Nge mgongoni wanashangaa sana.

Mkata Tiketi

Umenisaidia sana mkuu wa Nagoya, maana watu wanaandika kana kwamba alizimika mwaka 1974. Mwongozaji Kinji Fukasaku alimtumia kwenye Hiroshima Death Match mwaka 1973, mjane wa rubani wa kujitoa mhanga ambaye hana ruhusa ya kupenda tena kwa sababu mume wake ni shujaa wa taifa. Nafasi ndogo, lakini ndiyo moyo wa filamu ile. Akamrudisha tena kwenye Yakuza Graveyard mwaka 1976.

Halafu 1978 mwongozaji Yasuzo Masumura akampa Double Suicide of Sonezaki, kutoka kwenye mchezo wa vikaragosi wa mwandishi wa kale Chikamatsu, wa mwaka 1703. Kaji ni Ohatsu, kahaba anayempenda karani aliyedhulumiwa. Humu anaongea! Anaongea karibu filamu nzima, bila kupumua, macho yamekodolewa, na mpenzi wake ni Ryudo Uzaki, mwanamuziki wa roki. Akabeba tuzo ya mwigizaji bora wa kike ya Blue Ribbon na ya Hochi. Waliodhani ananyamaza kwa sababu hawezi mistari wakakosa la kusema.

Kiti cha Nyuma

Nimeitafuta Sonezaki, nimeitazama. Nasema wazi, inachosha. Wanapiga kelele saa nzima jinsi watakavyokufa, halafu wanakufa. Kaji wa kimya ananitosha.

Mkata Tiketi

Hahaha, leo wewe ndiye unatetea kimya. Masumura alitaka wawe kama vikaragosi, ndiyo maana wanasema kila kitu moja kwa moja mbele ya kamera. Ukiitazama kama filamu ya kawaida itakushinda. Ila sikulazimishi.

Nyegere Mpole

Mkuu, kwa mgeni kabisa aanzie wapi? Usitaje kumi.

Mkata Tiketi

Mwenye jioni moja: Lady Snowblood, dakika 97. Mwenye roho ngumu: Scorpion ya kwanza na Jailhouse 41 kwa mfululizo, usizitenganishe. Anayependa mitaa na muziki: Sex Hunter. Zote zimesafishwa na kutolewa upya, msitazame nakala zile za ukungu, rangi za Ito ndizo nusu ya filamu. Na si za kutazama na watoto, narudia, si za watoto.

Binti wa Chuda

Nimerudi. Jailhouse 41 nimeimaliza jana usiku. Lile basi nimeliruka, sikuweza, na bado nasimama na @Kiti cha Nyuma kwenye mambo ya kamera. Ila ile ya kijiko nimeirudisha nyuma nikaiangalia tena. Anapoinua macho yule mkuu wa gereza anapokuja, jamani! Mwanaume ana askari, ana bunduki, na anayeogopa ni yeye. Beast Stable ndiyo inayofuata?

Mkata Tiketi

Ndiyo dada. Mlango wa treni ukianza kufunga, weka chai mezani.